Bamba la chuma la 400, 450 au 500: lipi linafaa kazi yako?

Mwenye tipa la kubeba mchanga, mwenye karasha la kuponda mawe ya dhahabu na mwenye mtambo wa kokoto wote wana adui mmoja: msuguano. Mchanga na mawe hula chuma kidogo kidogo hadi bamba linatoboka. Dukani utaambiwa yapo mabamba magumu ya 400, 450 na 500, na bei zake hazilingani. Katika makala hii tunaeleza maana ya namba hizo, ili usilipie ugumu usiouhitaji, wala usinunue bamba litakalokupasukia kazini.

Namba inasema nini?

Ni kipimo cha ugumu kiitwacho Brinell, kwa jina la mhandisi wa Sweden, Johan August Brinell, aliyekitangaza mwaka 1900. Gololi ngumu ya milimita 10 hukandamizwa juu ya chuma kwa nguvu ya uzito wa kilo 3,000, kisha alama iliyobaki hupimwa upana. Alama ikiwa ndogo, chuma ni kigumu. Chuma cha kawaida cha kutengenezea mageti hupata kama 120 hadi 150.

Namba hiyo si unene, wala si uzito. Bamba la mita moja ya mraba lenye unene wa milimita 10 lina kilo 78 hivi, liwe laini au gumu.

Tofauti zake

400: Ndilo rahisi zaidi kukunja, kutoboa na kuchomelea. Linafaa bodi la tipa linalobeba udongo na mchanga, na pale ambapo fundi hana mashine kubwa.

450: Linadumu zaidi ya 400, na bado linakunjika kwa mashine. Hutumika sana kwenye matipa ya mawe na vijiko vya mitambo.

500: Linahimili zaidi kusuguliwa, lakini ni gumu kukunja na hupata nyufa kwa urahisi likichomelewa vibaya. Linafaa vipande bapa vinavyofungwa kwa bolti, kama bitana la ndani ya mfereji wa kushushia mawe.

Kuna pia chuma cha manganizi, alichokivumbua Robert Hadfield wa Uingereza mwaka 1882. Hiki huanza kikiwa si kigumu sana, halafu huwa kigumu juu kadiri kinavyogongwa. Ndiyo maana hutumika kwenye taya za mashine za kuponda mawe. Kwa mchanga unaoteleza tu bila kugonga, faida yake ni ndogo. Utakitambua kwa sumaku: hainasi, au inanasa kwa shida.

Moto unaweza kukupotezea fedha

Ugumu wa 400 hadi 500 hutokana na bamba kupashwa moto mkali kiwandani na kupozwa ghafla. Likipashwa tena kupita nyuzi joto 250 hivi, ugumu huanza kupungua. Fundi akiliwekea gesi hadi liwe jekundu ili alikunje, sehemu hiyo hurudi kuelekea chuma cha kawaida, nawe umelipa bei ya bamba gumu. Likunjwe likiwa baridi.

Kwa kuchomelea, fundi atumie rodi za hidrojeni kidogo, zilizotunzwa pakavu. Unyevu kwenye rodi huleta nyufa zinazoweza kujitokeza saa nyingi baada ya kazi kwisha. Bamba nene lipashwe kiasi kwanza, bila kuvuka joto lililotajwa na kiwanda.

Kabla ya kulipa

Omba cheti cha kiwanda, na uangalie kama namba iliyopigwa kwenye bamba inalingana na iliyo kwenye cheti. Rangi au maandishi ya chaki si ushahidi. Ukiwa na tupa, isugue kwenye ukingo: chuma cha kawaida huliwa upesi, bamba gumu huliwa kwa shida. Jaribio hilo litakuonya ukiuziwa chuma laini, ila haliwezi kutofautisha 400 na 450.

Mwisho, muulize fundi wako kabla ya kwenda dukani kama ana mashine ya kulikunja na rodi zinazofaa. Kama hana, 400 lililofungwa vizuri litakusaidia kuliko 500 lenye nyufa.