Jina la Kinyago: Wanahistoria wa Sanaa na Istilahi Zetu

Miongoni mwa orodha za maneno zinazoletwa kwetu ili zitafutiwe istilahi za Kiswahili, zile zihusuzo sanaa za ufundi huonekana nyepesi kwa mtazamo wa kwanza. Mchoro, sanamu, kinyago, rangi, mchongaji, mchoraji: hayo ni maneno ambayo kila mtumiaji wa lugha anayo tayari. Lakini mfasiri anayepewa kitabu cha historia ya sanaa, au mwalimu anayetakiwa kuifundisha historia hiyo, hugundua upesi kwamba taabu yake haimo katika majina ya vitu, bali katika majina ya mitindo, ya vipindi na ya mikondo. Majina hayo yalibuniwa na waandishi, na aghalabu kila jina limebeba hukumu ya aliyelibuni. Katika makala haya tunakusudia kueleza jinsi wanahistoria wa sanaa walivyoyapata majina yao, jinsi sanaa ya Tanzania ilivyopewa majina katika maandishi yao, na jambo ambalo yatupasa kulizingatia kabla ya kuyasanifu majina hayo.

Ili tusiyaangalie mambo haya kwa vitabu peke yake, tulikwenda Mtoni, wilayani Temeke, kando ya barabara iendayo Kilwa. Barabara hiyo ndiyo ielekeayo Lindi na Mtwara, na huko kusini ndiko walikotoka mababu wa wachongaji wengi wa Dar es Salaam. Mzee mmoja mchongaji alitupokea chini ya banda lake la makuti. Baada ya kuamkiana tulimwomba atutajie vyombo vyake, naye alivitaja bila ya kusita: tezo, patasi, nyundo, tupa, msasa. Alitutajia pia sehemu za gogo la mpingo, ule weupe wa nje na ule weusi wa ndani. Halafu tukamwonyesha kinyago kirefu cha watu wengi walioshikana na kupandana, tukamwuliza, "Mzee, hiki chaitwaje?" Akacheka. "Wanangu, mimi nimechonga watu wanaobebana. Ninyi mkisema ujamaa, ni ujamaa. Mgeni akija akasema mti wa uhai, nami huitikia. Jina huja na mnunuzi."

Kauli hiyo ilitufikirisha sana, kwani ndiyo historia ya sanaa kwa ufupi. Hata huko Ulaya, ambako taaluma hiyo iliasisiwa, majina yalikuja na watu wengine. Giorgio Vasari wa Italia, ambaye naye alikuwa mchoraji na msanifu wa majengo, alitoa kitabu chake juu ya maisha ya wasanii mwaka 1550, akakitoa tena kwa kukipanua mwaka 1568. Majengo ya makanisa ya karne zilizomtangulia hakuyapenda, akayanasibisha na Wagothi, watu ambao kwake walikuwa washenzi waliouangamiza ustaarabu wa Roma. Wagothi hawakuyajenga makanisa hayo. Hata hivyo jina la Gothiki lilibaki, na leo hutamkwa kwa heshima. Mwaka 1874 mwandishi wa gazeti Louis Leroy aliwakejeli wachoraji wa Paris kwa kulitumia jina la picha moja ya Claude Monet, na ndipo lilipotoka jina la Impreshonisti. Mwaka 1908 Louis Vauxcelles alizibeza picha za Georges Braque kwamba zimegeuza kila kitu kuwa michemraba, na mtindo mzima ukaitwa kwa mchemraba.

Lakini ipo tofauti moja kubwa. Wachoraji wa Paris waliisoma kejeli ya Leroy katika lugha yao wenyewe, na katika maonyesho yao ya mwaka 1877 wakalichukua jina lile na kulifanya lao. Waliweza kujibu. Mchongaji wa uwanda wa Wamakonde hakuweza kufanya hivyo, kwa kuwa yaliyoandikwa juu yake yaliandikwa kwa Kijerumani, kwa Kireno au kwa Kiingereza, na aghalabu yalisomwa mbali naye.

Tazama pia jambo la pili. Vasari aliipanga historia yake kwa majina ya wasanii, mtu baada ya mtu. Johann Joachim Winckelmann, katika kitabu chake cha mwaka 1764 juu ya sanaa ya kale, alibadili utaratibu: badala ya maisha ya msanii, aliandika juu ya kukua na kuchakaa kwa mitindo ya mataifa. Utaratibu huo uliwafaa Ulaya kwa sababu majina ya wasanii wao yalikuwa yamekwisha kuhifadhiwa. Sanaa ya Afrika iliingia vitabuni ikiwa na taifa au kabila tu, bila ya msanii. Mwaka 1906 Karl Weule alisafiri katika sehemu za Lindi, Masasi na Newala, akakusanya vitu vingi kwa ajili ya makumbusho ya Leipzig, na mwaka 1908 akatoa kitabu juu ya safari hiyo. Mwaka 1915 Carl Einstein alitoa kitabu juu ya sanamu za Afrika kilichowashawishi wasomi wengi wa Ulaya wazione sanamu hizo kuwa ni sanaa kamili. Hapana shaka hiyo ilikuwa hatua kubwa. Hata hivyo picha zilizomo kitabuni hazikuandikiwa maelezo: msomaji hakuambiwa kila sanamu imetoka wapi wala imechongwa na nani.

Baada ya hapo ikawa desturi ya makumbusho kukibandika kila kitu jina la kabila, kana kwamba kabila lina mkono mmoja ushikao tezo moja. Mwanahistoria wa sanaa Sidney Kasfir ndiye aliyeikosoa desturi hiyo kwa nguvu. Katika makala yake ya mwaka 1984 aliuliza iwapo kweli kila kabila lina mtindo wake mmoja, na akaonyesha kwamba mitindo huvuka mipaka ya makabila, na kwamba mipaka yenyewe mara nyingi ilichorwa na watawala. Kabla ya hapo, mwaka 1980, alikuwa ameandika juu ya wachongaji wa Kimakonde na wateja wao, akaeleza jinsi mahitaji ya mnunuzi yanavyoingia katika umbo la kinyago. Mzee wetu wa Mtoni hakuyasoma maandishi hayo, lakini asingeyakataa.

Sasa tuje kwenye majina yetu wenyewe. Wachongaji wengi wa Kimakonde walivuka mto Ruvuma kutoka Msumbiji, wakafanya kazi katika mashamba ya katani, na baadhi yao wakafika Dar es Salaam. Katika miaka ya 1950 mchongaji Samaki Likankoa alianza kuchonga maumbo ya ajabu, yasiyofuata umbile la mwanadamu, naye mfanyabiashara Mohamed Peera akayapokea na kuyatafutia soko. Maumbo hayo yakaitwa shetani. Neno hilo tulilipata kutoka Kiarabu, na katika Kiswahili cha pwani halina maana ya Ibilisi peke yake: shetani huweza pia kuwa pepo, apandaye kichwani na kutaka ngoma. Kwa Kimakonde lipo jina nnandenga, kiumbe wa porini, na ndiye aliyekuwa nyuma ya vinyago vingi vya aina hiyo. Zachary Kingdon, ambaye kitabu chake cha mwaka 2002 ni mojawapo ya vitabu vikubwa juu ya vinyago hivyo, alilazimika kuweka juu ya jalada lake maneno mawili mbalimbali ya Kiingereza, moja lenye maana ya Ibilisi na jingine lenye maana ya roho, ili kufikia kile ambacho sisi tulikisema kwa neno moja. Mfasiri atakayekirudisha kitabu kama hicho katika Kiswahili ajihadhari: akifuata neno la kwanza tu, msomaji atadhani kwamba Wamakonde walimchonga adui wa Mungu.

Mfano wa pili ni ule wa vinyago vya watu waliobebana. Kingdon anaeleza kwamba mtindo huo uliasisiwa na Roberto Yakobo Sangwani, na kwamba jina lake la kwanza lilikuwa dimoongo, yaani nguvu. Kinyago cha asili kilimwonyesha bingwa wa mieleka aliyebebwa na wenzake baada ya kushinda. Azimio la Arusha lilipotangazwa mwaka 1967, neno ujamaa lilienea katika kila shughuli ya taifa, na vinyago hivyo navyo vikaitwa ujamaa. Hatusemi kwamba jina hilo ni la uongo. Wachongaji wenyewe walilikubali, wakaongeza ndani ya vinyago vyao wazee, wanawake na watoto, na jina likawa na haki yake. Lakini mwanafunzi anayefundishwa kwamba vinyago hivyo vilizaliwa na siasa ya mwaka 1967 amenyimwa mambo mawili: bingwa aliyebebwa, na msanii aliyembuni.

Mfano wa tatu watoka Oyster Bay, wilayani Kinondoni. Huko Edward Saidi Tingatinga, aliyezaliwa Tunduru mwaka 1932, alianza mwaka 1968 kuchora wanyama, ndege na watu juu ya vibao vya hadibodi kwa rangi za kung'aa. Alifariki mwaka 1972, baada ya miaka minne tu ya kazi hiyo. Jamaa na wanafunzi wake waliiendeleza, na mwaka 1990 wakaunda chama chao cha ushirika. Jina la mtu limekuwa jina la mtindo, na hapa kuna faida na hasara. Faida ni kwamba msanii hakusahauliwa. Hasara ni kwamba picha iliyochorwa juzi na kijana mwenye mkono wake na mawazo yake yaitwa Tingatinga tu, na jina la kijana huyo halitajwi. Tena lipo tatizo la maandishi. Tingatinga kwa herufi ndogo ni mtambo wa kulimia au kusawazishia ardhi, na tumepata kuona tafsiri iliyovichanganya vitu hivyo viwili.

Haina maana kwamba wenyeji hawakuandika. Sam Ntiro, mchoraji aliyesoma Makerere katika chuo cha sanaa kilichoasisiwa na Margaret Trowell mwaka 1937, na baadaye akafundisha katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, alikuwa miongoni mwa wasomi wa kwanza wa sanaa nchini. Elias Jengo, mchoraji na mwalimu wa chuo hicho hicho, ameandika mengi juu ya sanaa ya Tanzania na juu ya sera ya utamaduni. Lakini maandishi ya kitaaluma juu ya sanaa yetu aghalabu yameandikwa kwa Kiingereza. Kwa hiyo tumefika mahali pa ajabu: maneno ya Kiswahili kama shetani, ujamaa na Tingatinga yamo katika vitabu vya wanahistoria wa sanaa wa ulimwengu, ilhali historia yenyewe ya sanaa haijapata makao ya kutosha katika Kiswahili.

Baraza la Kiswahili la Taifa liliundwa kwa sheria ya mwaka 1967, mwaka ule ule wa Azimio. Kusanifu istilahi ni kulipa neno moja cheo juu ya mengine, na neno lililopewa cheo huingia katika kitabu cha shule na katika kibandiko cha makumbusho. Kwa mintarafu hiyo twapendekeza mambo manne kwa wafasiri, walimu na maofisa wenzetu.

Kwanza, neno kinyago, ambalo halifichi udugu wake na unyago, libaki kuwa jina la jumla la sanamu ya kuchongwa kwa mti. Kwa kile kivaliwacho kichwani katika ngoma ya Wamakonde, tutumie jina la wenyewe, lipiko, na wingi wake mapiko. Neno barakoa lisitumike hapo, kwa sababu lilikuwa vazi la uso la wanawake wa pwani, na tangu mwaka 2020 limeenea mno kwa maana ya kifuniko cha pua na mdomo.

Pili, tutofautishe watu wanne ambao mara nyingi huchanganywa: mwanahistoria wa sanaa, mhakiki wa sanaa, mkusanyaji, na mfanyabiashara wa sanaa. Leroy alikuwa mhakiki, na Peera alikuwa mfanyabiashara. Kila mmoja hutoa majina kwa sababu zake, na msomaji ana haki ya kuzijua sababu hizo.

Tatu, yale maneno ya vitabu vya zamani yaiitayo sanaa ya Afrika kuwa ni ya watu wa hali duni yasifasiriwe kama kwamba ni istilahi za sasa. Mfasiri aonyeshe kuwa ni maneno ya mwandishi na ya wakati wake.

Nne, na hili ndilo kubwa, kila ingizo la mtindo katika orodha zetu liwe na jina la mwanzilishi pale anapojulikana, na jina alilolitumia yeye mwenyewe. Chini ya ujamaa, kwa maana ya kinyago, paandikwe dimoongo na paandikwe Roberto Yakobo Sangwani. Kufanya hivyo kutaongeza mistari miwili tu.

Tulipoaga pale Mtoni tulimwuliza yule mzee iwapo huandika jina lake chini ya kazi zake. Alikigeuza kinyago, akatuonyesha herufi mbili ndogo zilizochongwa kwa ncha ya patasi. "Mnunuzi huweka jina lake juu," alisema, "mimi langu nimeliweka chini." Kazi yetu sisi watu wa istilahi ni kukigeuza kinyago na kuzisoma herufi hizo kabla ya kuandika neno lolote.