Baharia aliyewapigisha kwata askari wa Unguja

Siku ya kuandikisha jeshi, uwanja mjini Eldoret hujaa vijana kabla jua halijatoka. Huvua viatu wakimbizwe, wakapimwa urefu, nyayo zikakaguliwa, vinywa vikafunuliwa meno yahesabiwe. Anayepita huenda kupikwa Moi Barracks, shule ya makuruta wa majeshi ya Kenya, na kwao mbuzi huchinjwa. Wengi hurudi nyumbani viatu mkononi.

Lloyd Mathews angeshangaa. Alipoanza kuandikisha askari kule Unguja mwaka 1877, baadhi yao ilimbidi awanunue.

Wala hakuwa askari wa nchi kavu. Alizaliwa 1850 Funchal, kisiwani Madeira, akaingia jeshi la wanamaji la Uingereza 1863, mtoto wa miaka 13. Alipigana vita vya Waashanti huko Afrika Magharibi, kisha 1875 akapangiwa HMS London, meli kongwe iliyotia nanga Unguja ikawa kituo cha mashua zilizowinda majahazi ya watumwa. Sultani wa Zanzibar, Sayyid Barghash, alikuwa ameipiga marufuku biashara hiyo baharini tangu 1873, ila mkataba ni karatasi, na mashamba ya mikarafuu Pemba bado yalitaka wachumaji.

Barghash alitaka jeshi la kumshikia himaya yake bara. Alilokuwa nalo lilikuwa la Waarabu na Waajemi. Mathews alipopewa kazi ya kuunda jipya akawafungulia mlango Waafrika. Wapo waliojitolea, wapo watumwa aliowanunua kwa mabwana zao, wapo wafungwa, na wapo waliookolewa majahazini. Mwaka ulipokwisha alikuwa na makuruta 300. Kufikia 1880 walikuwa askari 1,300. Uingereza ikatoa bunduki 500 aina ya Snider. Kofia nyekundu, koti fupi jeusi, suruali nyeupe: juzi mtu alikuwa na matambara kwa bwana wake, leo anapita mbele ya baraza ya bwana huyohuyo na bunduki begani. Ningependa kuziona nyuso zote mbili.

Mwaka 1881 Mathews aliliacha jeshi la wanamaji, akawa brigedia wa Sultani. Desemba hiyohiyo, Kapteni Brownrigg wa HMS London aliuawa na watu wa jahazi la watumwa, na Mathews ndiye aliyemfuata kiongozi wao, Hindi bin Hattam, hadi Pemba akamtia mkononi akiwa na majeraha yaliyomuua. Pwani ya Kenya nayo ilimjua. Mwaka 1882 aliiteka ngome ya Mwele, ya Mbaruk bin Rashid, Mmazrui wa Gazi aliyemwasi Sultani. Miaka 13 baadaye alirudi Mwele ileile, kwa Mbaruk yuleyule, safari hii akiandamana na wanamaji wa Uingereza chini ya Admirali Rawson, akajeruhiwa.

Kufikia hapo hakuwa tena mtu wa Sultani tu. Uingereza ilikuwa imejitwalia ulinzi wa Zanzibar mwaka 1890, na 1891 Mathews akafanywa waziri wa kwanza, waziri ambaye Sultani hakuwa na uwezo wa kumfuta kazi. Walitawala masultani watano zama zake, bila kumhesabu wa siku mbili.

Huyo wa siku mbili alikuwa Khalid, mwana wa Barghash. Agosti 1896 alijitwalia kiti bila idhini ya Waingereza. Asubuhi ya tarehe 27 meli za Rawson zililipiga jumba la kifalme kwa takriban dakika 38, na watu wa Khalid wapatao 500 wakafa au kujeruhiwa. Askari 900 wa Mathews walikuwa upande wa Waingereza. Sehemu ya jeshi aliloliomba Barghash ilisimama dhidi ya mwanawe.

Mathews alifariki kwa malaria Unguja, Oktoba 11, 1901, akazikwa kwa heshima za kijeshi katika makaburi ya Waingereza nje ya mji. Haikupita hata miezi mitatu, Januari 1, 1902, Waingereza wakaunda King's African Rifles, jeshi ambalo vikosi vyake vya Kenya viligeuzwa Kenya Rifles uhuru ulipokuja 1963, mzizi wa jeshi linalowapanga vijana uwanjani Eldoret.