Mufwankolo na Sanaa ya Maigizo Yasiyoandikwa

Historia ya maigizo ya Kiswahili imezoea kuishia kwenye ufuko wa mashariki wa Ziwa Tanganyika. Ebrahim Hussein na Penina Muhando husomwa kila mahali, nao wanastahili. Lakini Kongo, ambako Kiswahili ni mojawapo ya lugha nne za taifa, hutajwa kwa nadra. Ndiyo maana mwigizaji Odilon Kyembe Kaswili wa Lubumbashi hajulikani sana nje ya nchi yake, ingawa mjini kwake jina lake la jukwaani, Mufwankolo, lilikaribia kulifuta lile la kuzaliwa. Hata kikundi chake kiliitwa kwa jina hilo.

Alianza kuigiza akiwa kijana, katika miaka ya mwisho ya ukoloni, wakati mji huo wa wachimba shaba ungali ukiitwa Élisabethville. Jina la mji lilibadilishwa mwaka 1966, la nchi mwaka 1971, na Katanga ikawa Shaba hadi 1997. Katika mageuzi hayo yote Mufwankolo aliendelea kuchekesha watu redioni, jukwaani na hatimaye katika televisheni. Mambo aliyoyaigiza yalikuwa ya nyumbani na ya mtaani: ndoa, ulevi, fedha, uchawi, ugomvi wa majirani.

Waigizaji wake hawakukariri maandishi. Walikubaliana kwanza juu ya kisa, wakagawana nafasi, kisha kila mmoja akatafuta maneno yake katika mazoezi. Kwa hiyo lugha yao ilikuwa ile ya mjini, yenye *ba-* mahali pa *wa-*, yenye *mu nyumba* mahali pa *nyumbani*, na yenye Kifaransa kingi. Msomaji wa Goma atayatambua mengi ya hayo bila kuelezwa. Wapo wataalamu wa Kiswahili sanifu wanaoyaita makosa. Ni hukumu ya haraka mno, kwa maana ucheshi wa Mufwankolo usingeweza kusimama juu ya lugha ambayo watazamaji wake hawakuisema.

Tukio linalojulikana zaidi ni la mwaka 1986. Mwanaanthropolojia Johannes Fabian, akila na marafiki mjini humo, alipewa firigisi ya kuku na kuambiwa kwamba mamlaka huliwa mazima. Aliwauliza waigizaji maana ya msemo huo. Badala ya kumjibu kwa maelezo, waliamua kuutungia mchezo mpya kuhusu chifu, wazee wake na mashauri ya kijiji, ambao ulirekodiwa kwa ajili ya televisheni katika kijiji cha Kawama. Huo ulikuwa wakati wa Mobutu na chama kimoja. Kusema hadharani jinsi mamlaka yanavyoliwa, na nani ananyimwa kipande, halikuwa jambo dogo, hata kama chifu aliyeigizwa alikuwa wa kijijini tu.

Kitabu cha Fabian, *Power and Performance*, kilitoka mwaka 1990. Maelezo yake ni ya Kiingereza, lakini maneno ya waigizaji yamechapwa kwa Kiswahili chao, pamoja na hatua za mazoezi. Humo mwanafunzi anaweza kufuatilia jinsi shauri moja mbele ya chifu linavyozungumzwa, linavyojaribiwa, linavyopunguzwa na kuongezwa, mpaka siku ya Kawama.