Vyeo katika Ngoma ya Beni: Kasumba au Kazi?

Wahakiki wengi wamezoea kuitaja beni kama mfano wa kasumba: Mwafrika kavaa kofia ya Mzungu, kajiita jenerali, basi, hoja imekwisha. Mimi naona hukumu hii ni ya haraka mno.

Tuanze na historia. Beni, jina lililotokana na bendi, ilizuka Lamu na Mombasa katika miaka ya 1890. Vita vya 1914–1918 viliieneza bara kupitia askari na wapagazi. Tanganyika ikawa na vyama viwili hasimu: Marini, iliyojiona ya wastaarabu, na Arinoti, iliyohesabiwa ya watu wa chini. Kila chama kilikuwa na kingi wake, majenerali na makapteni.

Vyeo katika uchezaji si kioja chetu peke yetu. Wachezaji wa baleti wa Opera ya Paris wana madaraja matano, na wa juu kabisa huitwa "nyota". Ila nyota hupewa cheo kwa uchezaji wake. Cheo cha beni kilidai zaidi ya miguu. Viongozi waliandaa mashindano na karamu, na chama kilimpokea mwanachama aliyeingia mji mgeni na kumzika aliyefia ugenini.

Kwetu Busawe, ngoma ya litungu haina jenerali. Mpigaji wa zile nyuzi nane ndiye anayeongoza. Akinyamaza, na miguu inasimama. Sasa kama ngoma inakwenda bila vyeo, vyeo vya nini? Jibu haliko kwenye ngoma, liko kwenye maisha. Kijijini ukoo unakujua, na ukifa wako watakuzika. Mpagazi aliyefika Dar es Salaam hakuwa na ukoo pale. Vyeo vya beni viliziba pengo hilo: jina lilikuwa la mkoloni, wajibu ulikuwa wa ndugu.

Tena, wakoloni wenyewe hawakuliona jambo hili kuwa mchezo tu. Wachimbaji wa shaba wa Rhodesia ya Kaskazini, yaani Zambia, walipogoma mwaka 1935, chama cha mbeni kilitajwa katika uchunguzi wa serikali. Jamani, mtumwa wa kasumba humtishaje bwana wake?

Kwa hiyo tunapohakiki beni, tusiishie kwenye kofia. Tuulize aliyeivaa alitakiwa kumfanyia nini mwenzake.