Saksafoni: Mtoto wa Klarineti Aliyelelewa na Jeshi

Ala ambayo wapenzi wa muziki wa dansi nchini Tanzania huiita mdomo wa bata ilibuniwa na mpuliza klarineti. Adolphe Sax, aliyezaliwa mjini Dinant, Ubelgiji, mwaka 1814, alikuwa mtoto wa fundi wa ala za muziki, na sifa yake ya kwanza aliipata kwa kuiboresha klarineti ya sauti nzito.

Klarineti yenyewe ilikuwa na umri wa zaidi ya karne moja. Inahusishwa na Johann Christoph Denner, fundi wa Nuremberg, Ujerumani, mnamo mwaka 1700 hivi. Kufikia mwaka 1791, Mozart alipomtungia Anton Stadler konseto, ilikuwa imekwisha kupata heshima.

Sax alitaka wepesi wa klarineti pamoja na nguvu ya tarumbeta. Alichukua kinywa chenye kipande kimoja cha mwanzi kinachotetemeka, akakiunganisha na bomba la shaba linalopanuka kuelekea chini. Upana huo si pambo. Mpuliza klarineti akitaka kupanda, sauti huruka zaidi ya oktavu moja, na vidole hulazimika kujifunza mpangilio mwingine; saksafoni hupanda oktavu moja kamili, vidole vikirudia njia ileile. Na ingawa ni ya shaba, wataalamu huihesabu pamoja na ala za mbao, kwa sababu ya ule mwanzi.

Mwaka 1845, bendi ya Sax ilishindana hadharani na bendi ya mtindo wa zamani katika uwanja wa Champ de Mars, Paris, na jeshi la Ufaransa likazikubali ala zake. Hataza ya saksafoni ilitolewa mwaka 1846. Mafundi wenzake hawakumsamehe. Walimwandama mahakamani kwa miaka mingi. Alifilisika mwaka 1852, 1873 na 1877, akafariki maskini mwaka 1894. Okestra kubwa nazo hazikuipa saksafoni kiti cha kudumu.

Bendi za kijeshi ndizo zilizoihifadhi, hadi wanamuziki weusi wa Marekani walipoipa lugha mpya. Sidney Bechet wa New Orleans, bingwa wa klarineti, alinunua saksafoni ya soprano mjini London mnamo mwaka 1920, na ndiyo iliyomjengea jina. Barani Afrika, Jean Serge Essous wa Kongo-Brazzaville, mmoja wa waasisi wa OK Jazz mwaka 1956, alizipuliza zote mbili.