Haishiki au Haiachii?

Mteja akifika gereji na kusema "hendibreki yangu mbovu", fundi anayejua kazi hajaambiwa kitu bado. Ubovu una sura nyingi. "Haishiki au haiachii, mama?" anauliza, na kabla jeki haijaguswa kazi imeshagawanyika njia mbili. Isiyoshika ni ile unayoivuta hadi juu na gari bado likajitelezea mteremkoni. Isiyoachia ni ile uliyoishusha hadi chini, lakini gurudumu la nyuma limebaki limekabwa: gari zito, linakunywa mafuta kuliko jana, na ukisimama pua inapata harufu ya kitu kinachoungua. Maradhi mawili yanayopingana, na mara nyingi mgonjwa ni yuleyule, waya unaotoka kwenye mkono wa breki kati ya viti viwili na kupita chini ya gari hadi nyuma.

Wapenzi wa lugha wengi huitazama gereji kama mahali Kiswahili kinapokwenda kufa. Breki, jeki, spana, nati, bolti, dramu, springi, grisi: ukihesabu nomino peke yake, malalamiko yao yana msingi. Lakini gari halitibiwi kwa nomino. Sikiliza fundi anavyozungumza na kijana wake akiwa amelala chini ya gari: kaza, legeza, shika hapo, achia, zungusha, bado linakaba, haya sasa linacheza. Vitenzi karibu vyote ni vyetu, tena vya zamani, na ndivyo vinavyobeba utambuzi wa ugonjwa. Kwa maoni yangu istilahi yetu ya ufundi wa magari iko huko, na tumekuwa tukiitafuta kwenye safu isiyo yake.

Nomino zenyewe, kwanza, hazikuanza kuazimwa juzi. "Gari" limetoka Bara Hindi. "Parafujo" ni ya Wareno, ingawa vijana wengi wa gereji leo watakwambia skrubu. Maneno mengine tuliyachukua baharini: usukani ulikuwa wa jahazi kabla haujawa wa basi, na kuegesha ilikuwa kukisogeza chombo hadi kigusane na pwani au gati, muda mrefu kabla mtu hajaegesha Corolla mbele ya duka. Neno lilihama majini likaja barabarani bila kuomba kibali cha mtu.

Kwa kuwa kuegesha tunako, nashangaa kwa nini kifaa tulichoanza nacho kinaitwa kwa jina la kiungo badala ya kazi. Hendibreki, au breki ya mkono kwa anayependa usafi wa lugha, inatuambia kiungo kinachoivuta: kwetu tunaoendesha upande wa kushoto wa barabara ni mkono wa kushoto. Jina lilifaa mpaka zilipoingia Noah na Alphard kutoka Japani, ambazo nyingi hushikwa kwa pedali ndogo kwenye kona ya mguu wa kushoto. Sasa dereva anamwambia mwenzake "kanyaga hendibreki" na hakuna anayecheka. "Breki ya maegesho" imejaribiwa katika maandishi, nayo inanisikikia kama kibao kilichoning'inizwa kwenye uwanja wa magari; ni breki ya mahali. Mimi ningesema breki ya kuegeshea. Kile kiambishi -e-, au -i-, kinafanya kazi ileile kinayoifanya kwenye kisu cha kukatia na ndoo ya kuchotea, kinataja chombo kwa shughuli yake, na mkono ukiondoka jina halivunjiki. Najua pia kwamba hakuna atakayelisema gereji. Hendibreki imeshashika.

Na tazama kitenzi hicho kilivyo na nguvu. Mkono unashika, moto unashika, saruji inashika, rangi inashika ukutani. Kote humo kuna kitu kilichokaa mahali pake na kukataa kutoka kirahisi, na breki ya kuegeshea haitakiwi kufanya zaidi ya hapo. Breki ya mguu hupunguza mwendo. Hii kazi yake ni kuzuia mwendo usianze. Wakenya wengi watasema haikamati, ambayo ni kali zaidi kidogo, kama ya askari. Majirani zetu wa Rwanda wameazima jina kutoka Kifaransa, wakaliita feri, lakini kufunga breki kwao ni gufata feri, yaani kuikamata. Jina la mgeni, kitenzi cha nyumbani, sawasawa na sisi.

"Haiachii" nayo ina mchezo wake. Darasani, kuachia hudai kitu: unamwachia mtu nafasi, unaachia kamba. Gereji imekidondosha kitu hicho na sentensi imebaki imesimama. Kila aliyepo anajua kinachopaswa kuachiwa ni gurudumu.

Sasa waya wenyewe. Kuna wanaosema kebo, na madukani Kariakoo utaeleweka kwa lolote kati ya hayo mawili, ila ukisema waya peke yake utaulizwa kama ni wa umeme. Bado nautetea waya. Umezaa wingi wa Kibantu kabisa, nyaya, kama wayo na nyayo, na jambo hilo halitokei kwa neno linaloishi kwetu kwa mkopo. Kebo moja na kebo kumi ni kebo tu. Tena mwendesha baiskeli na mtu wa bodaboda wameshatuamulia: waya wa breki, waya wa klachi. Ni kifaa cha ukoo mmoja. Uvumbuzi huo, uzi wa chuma unaoteleza ndani ya mrija unaopindika, unabeba jina la Ernest Bowden, aliyeuombea hataza Uingereza mwaka 1896, na baiskeli zilikuwa miongoni mwa vyombo vya mwanzo kuutumia. Ujanja wake ni kwamba nguvu ya mkono inaweza kupindishwa kona bila roda wala fimbo. Uzi wa ndani unavuta, mrija wa nje unahimili msukumo, na mmoja bila mwenzake haufanyi kitu.

Huo mrija wa nje ndio usio na jina la kueleweka. Wengine husema kava, wengine ganda, wengine huuonyesha kwa kidole. Lakini Kiswahili kina "ala", nyumba ya kisu, kitu kigumu kinachomeza kingine chembamba na kukiruhusu kuingia na kutoka. Ala ya waya. Neno limekaa kwenye kamusi halina kazi nyingi siku hizi, maana majambia hayavaliwi tena kila siku, na hapa kuna ajira ya kudumu.

Ajira hiyo ni muhimu kwa sababu ugonjwa wa waya huanzia kwenye ala. Juu ya mzingo wa chuma kuna ngozi ya plastiki, na mwishoni kuna kifuniko cha mpira. Jiwe likiikwaruza ngozi hiyo, au mpira ukipasuka kwa uzee, maji yanaingia pamoja na vumbi. Pwani, kuanzia Mombasa na Tanga mpaka Unguja, hewa yenyewe ina chumvi, na kutu haihitaji kualikwa mara mbili. Nimeona ala iliyokatwa kwa msumeno ikimwaga tope la rangi ya chungwa, na uzi wa ndani ukiwa umevimba kwa kutu hadi hauchomoki hata kwa koleo na watu wawili.

Waya wa namna hiyo mafundi husema umeganda, au umenasa, na hayo nayo si mamoja. Ulioganda hausogei kabisa. Ulionasa unavutika unapouvuta kwa nguvu, kisha haurudi, kwa kuwa mkono wako una nguvu kuliko springi ya kuurudisha. Hapo ndipo panapozaliwa "haiachii". Magari ya gia otomatiki yana shida hii zaidi kuliko mtu anavyodhani: mwenye gari huweka P, anashuka na kwenda zake, na ile breki haivutwi miezi na miezi. Siku anayoihitaji kwenye mlima anaivuta, nayo haitaki kurudi. Waya usiotembezwa hujifia polepole. (P, kwa wasiopenda kuitegemea, ni kijino kimoja cha chuma ndani ya gia kinachobeba uzito wote wa gari. Mimi simo katika wanaoitegemea.)

Kwa upande wa "haishiki" kuna maneno mengine matatu, na fundi mvivu huyachanganya. Waya umelegea: ulikuwa sawa, nati ya kurekebishia imerudi nyuma au waya mpya umekaa vizuri mahali pake na kuacha nafasi, spana inatosha. Waya umevutika: urefu wenyewe umeongezeka, au baadhi ya nyuzi zimekatika na zilizobaki zinabeba mzigo wa wote, ukikaza leo utakaza tena, mpaka uzi wa parafujo wa kurekebishia uishe. Lainingi imelika: waya hauna kosa, ila viatu vya breki ndani ya dramu vimekwisha, vinasafiri mbali zaidi kabla ya kugusa chuma. Mteja anaona dalili moja tu katika zote tatu. Mkono unapanda juu kuliko zamani. Katika magari mengi madogo unatakiwa kushika baada ya meno 5 hadi 9, na unaweza kuyahesabu kwa sikio, kila mlio jino moja.

Kosa la kawaida ni kukimbilia nati ya waya. Ukiukaza waya kuficha lainingi iliyolika, viatu havipumziki tena mahali pake, kirekebishi cha ndani ya dramu kinashindwa kufanya kazi yake, na gari lililokuja kwa sababu haishiki linaondoka likiwa haliachii. Kwa hiyo huanza dramu, waya hufuata.

Kupima hakuhitaji mashine. Magurudumu ya mbele yanawekewa kabari, nyuma panainuliwa na kukalishwa juu ya stendi, si juu ya jeki. Kijana anavuta mkono jino mojamoja, fundi anazungusha gurudumu la kushoto, halafu la kulia. Yote mawili yanapaswa kuanza kukaba karibu pamoja, na mkono ukishushwa yote mawili yazunguke bila kinyongo. Moja likishika na jingine likizunguka, macho yanahamia pale waya wa mbele unapokutana na nyaya mbili za nyuma, kwenye kipande cha chuma kinachogawa mvuto sawasawa. Kipande hicho mafundi hawajakipa jina la kudumu, na mizani lingekifaa. Kikikaa upande, tayari unajua ni waya upi umegoma. Uchomoe mwisho wake, uusukume na kuuvuta kwa vidole ndani ya ala. Uzima ni mteremko laini. Ukisikia mchanga, umeshapata jibu, na vidole viwe na tahadhari, maana uzi mmoja uliokatika huchoma kama sindano na kubaki na ncha ndani ya ngozi.

Kubadilisha ni kazi ya subira zaidi kuliko nguvu. Mkono unashushwa, nati ya kurekebishia inalegezwa, gurudumu na dramu vinatoka, kichwa cha waya kinang'olewa kwenye mkono mdogo ulio nyuma ya kiatu cha breki huku springi yake ikibanwa kwa koleo. Kisha kuna ile sehemu inayowatukanisha watu: waya unapopenya bamba la nyuma ya dramu hushikiliwa na vijimeno vya chuma vilivyotanuka. Ukikibana kimoja, kingine kinafunguka. Mafundi huvisha spana ya duara, ya 12 au 14 kutegemea waya, ikavibana vyote kwa mpigo, na ala ikatoka kwa pigo moja dogo. Spana haikutengenezwa kwa kazi hiyo, na tendo hilo lina jina safi kabisa gerejini: kuvisha.

Waya mpya unalazwa chini kando ya wa zamani kabla ya kufungwa, kwa sababu wa kushoto na wa kulia katika magari mengi hazitoshani urefu, na maboksi hudanganya. Unapitishwa njia ileile ya mwanzo, kwenye vishikio vilevile, mbali na ekzosi. Ukiupinda kona kali ala inaubana uzi na umenunua ugonjwa mpya. Halafu mkono unavutwa kwa nguvu na kushushwa mara kadhaa, waya ukae, ndipo nati inakazwa hadi meno yatimie. Baada ya wiki chache mteja anaitwa tena kwa kukazwa kidogo. Mafundi husema waya mpya lazima "uzoee".

Magari mengine yanakuja bila waya wowote. Kwenye magari mengi mapya kuna kitufe, na mota ndogo ya umeme kwenye kila gurudumu la nyuma ndiyo inayobana pedi. Nomino zimebadilika zote kwa pigo moja: hakuna mkono, waya, ala wala meno ya kuhesabu. Kubadilisha pedi kwenye magari mengi ya aina hiyo kunataka kwanza kompyuta iiamuru mota irudi nyuma, na fundi anayelazimisha kwa bisibisi huivunja. Wiki iliyopita dada mmoja alileta la namna hiyo lililokuwa limegoma uani kwake, akabonyeza kitufe mbele yetu mara tatu. Kijana wa gereji, ambaye hajawahi kuifungua breki ya umeme, alimuuliza, "Haishiki au haiachii, dada?"