Kimbunga cha Birmingham na vile vya Bahari ya Hindi

Alasiri ya tarehe 28 Julai 2005, upepo wa kuzunguka ulipita katika mitaa ya Sparkbrook, Balsall Heath, Moseley na Kings Heath mjini Birmingham, Uingereza.

Uliezua mapaa, ukang'oa miti ipatayo 1,000 na kujeruhi watu 19. Hasara ilikadiriwa kuwa pauni milioni 40, lakini hakuna aliyefariki.

Mwezi mmoja baadaye kimbunga Katrina kiliipiga Marekani, na wengi wakauliza iwapo yote mawili yalisababishwa na ongezeko la joto duniani.

Tatizo moja ni la lugha. Kiswahili huita vyote viwili kimbunga, lakini kile cha Birmingham kilikuwa tonado: upepo unaoteremka kutoka wingu la radi na kutoweka baada ya dakika chache. Ni mkubwa wa chamchela, kwa namna fulani, ingawa chamchela ya kwetu aghalabu huishia kwenye vumbi na majani makavu. Uingereza hupata tonado takriban 30 kwa mwaka, nyingi zikiwa dhaifu, na ushahidi wa kuzihusisha na mabadiliko ya hali ya hewa duniani ni mdogo.

Joto la bahari

Kimbunga cha baharini ni jambo jingine. Hicho huhitaji maji yenye nyuzi joto zaidi ya 26, huweza kuwa na upana wa mamia ya kilomita, na huishi kwa siku kadhaa.

Wanasayansi hawatarajii kwamba idadi ya vimbunga hivyo itaongezeka. Wanachotarajia ni kwamba vilivyo vikali zaidi vitakuwa sehemu kubwa zaidi ya vyote. Aidha, kila hewa inapopata joto kwa nyuzi moja, huweza kubeba mvuke zaidi kwa asilimia 7, hivyo mvua huwa kubwa zaidi. Na kwa kuwa kina cha bahari kimepanda, maji yanayosukumwa na upepo hufika mbali zaidi nchi kavu.

Pwani ya Afrika Mashariki

Karibu na Ikweta, mzunguko wa dunia hauna nguvu ya kutosha kuuzungusha upepo. Ndiyo sababu Mombasa na Zanzibar husalimika mara nyingi, huku Msumbiji ikiumia, kama ilivyokuwa mwaka 2019 kwa vimbunga Idai na Kenneth.

Husalimika, lakini si daima. Aprili 1872 kimbunga kiliangamiza sehemu kubwa ya mikarafuu ya Unguja. Pemba ilinusurika, na ikawa ndiyo kitovu cha zao hilo. Aprili 1952 ilikuwa zamu ya Lindi.

Mei 2024 kimbunga Hidaya kilifika kisiwani Mafia, wakati Tanzania na Kenya zilikuwa tayari zimekumbwa na mafuriko. Safari za boti kati ya Dar es Salaam na Zanzibar zilisitishwa.